Madirisha Niliyoyaelekeza Barabarani

Madirisha ya zahanati ile niliyachora mimi. Naanza na hilo kwa sababu kwa muda mrefu sikumwambia mtu, na wachache waliojua hawakuona haja ya kulitaja.

Kazi yangu ni kuchora ramani za majengo. Nilisomea Mombasa, nikarudi Garsen, na tangu hapo nimechora madarasa, vyoo, nyumba za walimu na zahanati za vijiji vya mtoni. Watu wetu ni wakulima wa kando ya Tana, na joto la huku silijui kwa kusimuliwa. Najua jinsi chumba chenye paa la mabati kinavyokuwa saa saba mchana, na jinsi mama mjamzito anavyokaa humo akijipepea kwa kadi yake ya kliniki. Kwa hiyo nilipopewa kuchora zahanati ile ya barabarani, mwendo wa saa moja hivi kutoka Garsen, niliweka madirisha manne makubwa ya vioo upande ambao upepo unatoka. Upande huo ndio wa barabara. Siku ya kufunguliwa watu waliyasifu. Nilirudi nyumbani nikijiona mjuzi.

Mwaka wa tatu, asubuhi ya siku ya chanjo, gari la askari lilikanyaga bomu lililofukiwa kando ya barabara, hatua hamsini hivi kutoka zahanati. Askari wawili walifariki papo hapo. Ndani ya zahanati hakuna aliyefikiwa na bomu lenyewe. Walifikiwa na vioo. Akina mama walikuwa wamepanga foleni kwenye benchi chini ya dirisha, ambako kulikuwa na upepo. Nesi, mwanamke wa Ozi aliyekuwa hapo tangu zahanati ilipofunguliwa, alikuwa amesimama kwenye dirisha la mwisho akiinua sindano kwenye mwanga ili aone kipimo cha dawa. Akina mama walikatwa migongo na mikono, kwa sababu walikuwa wameinamia watoto wao. Nesi alikuwa ameinua uso. Alipoteza jicho la kushoto.

Nilifika kesho yake. Damu ilikuwa imeoshwa lakini vioo vilikuwa bado kila mahali. Vipande vilikuwa vimezama kwenye ukuta wa pili kama miiba, na kimoja kilipenya jalada la daftari la chanjo kikafika kurasa za katikati. Nilikichomoa. Mkononi kilikuwa chepesi mno. Nilisimama pale nikikumbuka siku niliyobishana na mwenye duka la vifaa ili atuuzie vioo vipana zaidi.

Mkubwa wangu wa kazi alikuwa amekuja pamoja nami. Alipima madirisha kwa macho, akasema, "Hii ni kazi ya siku mbili. Tunaweka vioo vipya, wiki ijayo zahanati inafunguliwa."

Nikamwambia, "Vioo hivyo havirudi."

"Unataka kuweka nini? Mbao?"

"Sijui bado. Nipe wiki tatu."

Alinitazama. "Wewe si mhandisi wa mabomu."

"Kweli. Lakini madirisha ni yangu."

Wiki tatu nilizipata.

Mtu wa kwanza niliyekwenda kumwona ni nesi mwenyewe, hospitalini alikolazwa. Alikuwa amekaa kitandani, nusu ya uso imefungwa bendeji, anakula uji kwa kijiko. Nilikuwa nimepanga maneno yangu njiani, na yote yakanipotea. Nikamwambia tu kwamba ramani ile niliichora mimi, na kwamba nilikuja kumwomba radhi.

Akaweka kijiko chini. "Unajua mimi niliwahi kufanya kazi kwenye zahanati isiyo na madirisha ya maana? Akina mama walikuwa wakizimia. Yale madirisha yako nilikuwa nikiyashukuru kila mchana."

"Hata hivyo," nikasema.

"Hata hivyo nini? Bomu hukuliweka wewe." Akavuta shuka. "Lakini kama umekuja kuomba radhi, nitakwambia ninachokudai. Nitarudi pale. Usije ukanijengea jela. Ukiziba kila mahali kwa sababu ya kuogopa, watoto watakufa kwa joto na akina mama hawatakuja. Nataka upepo, na nataka jicho langu hili lililobaki."

Nilitoka mle chumbani nikiwa na mambo mawili yasiyopatana, na ilinibidi kuyapatanisha.

Vitabu nilivyopata vilieleza balozi na kambi za jeshi, majengo ya watu wenye chuma na saruji isiyokwisha. Mtu mmoja akaniambia Kipini kuna mzee aliyestaafu jeshini, kikosi cha uhandisi. Nilimkuta uani kwake akikarabati tangi la maji. Nilipomweleza, hakuniuliza kuhusu bomu hata kidogo. Aliuliza watu huwa wanasimama wapi, wanaketi wapi, wakishtuka wanakimbilia mlango gani. Sikuweza kumjibu vizuri. Nilikuwa nimechora kuta, sikuwa nimechora watu.

Alileta beseni la maji, akaweka tofali katikati, akadondosha jiwe pembeni. Wimbi likagonga tofali, likarudi, na jingine likazunguka likakutana nyuma.

"Waona, mwanangu? Mlipuko ni upepo uliokasirika. Ukiuzuia mbele, wazunguka. Kwa hivyo jambo la kwanza ni masafa. Kila hatua unayosogea mbali, wapungua nguvu, tena wapungua sana. Ukiwa na nafasi, usinunue saruji. Nunua masafa."

"Na pasipo nafasi?"

"Udongo. Tuta pana la udongo mbele ya nyumba. Usinijengee ukuta mwembamba wa mawe usimame peke yake, kwa kuwa ukivunjika, kila jiwe lawa risasi. Udongo wameza." Akalitoa tofali majini. "Kisha vioo. Wengi wanaoumia huumizwa na vioo. Kisha paa lisiwaangukie. Na ujue hili: hakuna nyumba isiyobomoka. Kazi yako ni kuamua kipi kibomoke kwanza, na wakati huo watu wawe wapi."

Nilikaa kwake hadi alasiri, nikaandika kurasa kumi na moja. Sentensi ile ya mwisho niliiandika peke yake kwenye ukurasa, na njia nzima ya kurudi Garsen nilikuwa nikiifikiria.

Niliichora upya zahanati bila kuihamisha, kwa sababu wagonjwa huja kwa barabara ile na kuisogeza mbali kungewanyima huduma. Foleni niliihamishia nyuma, upande wa mto, chini ya kibaraza chenye nguzo za vyuma na paa jepesi lililofungwa kwa boliti. Ukuta wa upande wa barabara niliuongezea unene kwa saruji na nondo, na madirisha manne makubwa nikayageuza vijidirisha virefu vyembamba juu kabisa, karibu na paa, ili hewa ya moto itoke. Madirisha mapana nikayapeleka nyuma. Vioo vyote vingebandikwa karatasi ya plastiki ngumu ndani, ya kushika vipande kioo kikipasuka. Katikati ya jengo palikuwa na stoo ya dawa. Dawa nikazihamisha, na chumba kile nikakizungushia saruji pande zote na juu, kiwe cha kujihifadhi. Mbele ya yote, kati ya nyumba na barabara, nikaweka tuta la udongo lenye urefu wa jengo zima.

Mkubwa wangu aliitazama ramani, akasema tuta ni jambo la kijeshi. Nikamwambia watu wa Tana wamekuwa wakijenga matuta ya kuzuia mafuriko tangu kabla ya kuwa na serikali. Akatia sahihi.

Tatizo nililolisahau lilikuja kwa miguu minne. Siku tuliyoanza kuweka vigingi vya tuta, mwenyekiti wa wafugaji wa pale alifika na vijana wake na ng'ombe kama mia. Alikuwa mzee wa Kiorma, mrefu, mwenye sauti ya chini inayokulazimisha kusogea karibu. Akaonyesha vigingi kwa fimbo yake.

"Binti yangu, hapa ni malka. Ng'ombe wanapita hapa kwenda kunywa mtoni. Babu yangu alipita hapa. Sasa wewe unafunga."

Nilimweleza kuhusu bomu, vioo na nesi. Alinisikiliza hadi mwisho.

"Yule nesi alimtibu mjukuu wangu," akasema. "Namjua. Lakini ng'ombe hawajui bomu. Ng'ombe wanajua kiu. Ukifunga hapa watapita kwenye mashamba ya watu wako, na hapo sisi na nyinyi tutaumizana bila bomu lolote."

Alisema ukweli. Kwetu jambo hilo halihitaji maelezo. Sote tumewahi kuzika watu kwa sababu ya njia ya maji. Niliwaambia mafundi wapumzike. Nikakaa na mzee kwenye gogo la mti wa mathenge, nikamchorea tuta chini kwa kijiti. Nilimwambia nikiacha nafasi katikati ng'ombe wapite, upepo wa mlipuko nao utapita papo hapo, moja kwa moja hadi mlangoni.

Akauinamia mchoro. Kisha akachukua fimbo yake akafuta nusu ya mstari wangu, akachora mwingine nyuma yake, umeupita wa kwanza kidogo, na nafasi katikati.

"Baba yangu alijenga boma la miiba hivi," akasema. "Mlango ulikuwa unapinda. Fisi akisimama nje haoni ndani. Ng'ombe anajua kupinda. Wewe hujui kama anajua?"

Nilikuwa sijui. Matuta mawili badala ya moja, la nyuma likiziba nafasi ya la mbele, na njia ya ng'ombe ikipita katikati kwa kona. Kutoka barabarani huwezi kuona mlango wa zahanati. Nilipiga simu Kipini nikamweleza yule mstaafu. Akacheka. "Hivyo ndivyo tulivyofanya kambini. Nani aliyekufunza?" Nikamwambia ni mfugaji.

Tulijenga wakati wa kiangazi, wakulima na wafugaji wakibeba udongo zamu kwa zamu. Tulichukua udongo mweusi wa karibu, kwa kuwa ulikuwa hapo hapo. Hilo lilikuwa kosa langu la pili. Mvua za masika zilipokuja, udongo ule ulivimba, ukapasuka, na wiki ya pili ya mvua nusu ya tuta la mbele ilikuwa imeporomoka kama uji. Nilifika nikiwa na viatu vya mpira, matope yakinifika magotini. Msimamizi wa mafundi alikuwa amesimama kwenye kibaraza na mikono mfukoni.

"Fundi, tuache hadi kiangazi," akasema.

"Hadi kiangazi ni miezi mitatu. Nesi anarudi mwezi ujao."

"Kwa matope haya?"

"Tutachukua udongo mwekundu wa juu, kule ambako maji hayafiki. Trekta inapita."

"Ni mbali."

"Ni mbali," nikasema. "Tuanze leo."

Siku zile nilijifunza kushindilia udongo. Tuliuweka tabaka kwa tabaka, kila moja kama kimo cha kiganja kilichosimama, tukaushindilia kwa magogo hadi ukatoa sauti ya ngoma ngumu, ndipo tukaweka mwingine. Chini tuliweka wavu wa waya uliojazwa mawe ili maji yasile msingi, na kati ya matuta na nyumba tukachimba mfereji wa kutoa maji. Mvua iliponyesha tulijikinga, ilipoacha tulirudi. Mikono yangu ilitoka malengelenge, na usiku nililala kama mtu aliyepigwa. Sikuwahi kufanya kazi ya fundi kwa mikono yangu hivyo, na sikujuta. Juu tulipanda majani ya ukoka, na wanawake wa kijiji wakayamwagilia kila jioni mvua zilipokatika. Ng'ombe waliyala kidogo kila wakipita kwenye kona. Hilo sikuweza kulizuia.

Nesi alirudi siku ambayo rangi ilikuwa bado mbichi. Alivaa miwani ambayo kioo chake kimoja kilikuwa cheusi. Hakunisalimu kwa maneno mengi. Alipita chumba kwa chumba akigusa kuta. Kwenye ukumbi mwembamba alijigonga bega la kushoto kwenye pembe ya nguzo. Akasimama, akashika bega.

"Hii sikuiona," akasema.

Nilikuwa nimefikiria vioo, upepo, udongo na ng'ombe, nikasahau kwamba mtu mwenye jicho moja angefanya kazi humo kila siku. Mchana ule ule tulizivunja pembe zote za nguzo upande huo tukaziviringisha kwa plasta, na msimamizi akazipaka rangi nyeupe zionekane.

Saa saba, joto lilipokuwa kali, nesi alikaa peke yake kwenye benchi jipya la nyuma, akashika karatasi mbele ya uso wake. Nilimtazama kwa mbali. Karatasi ikatulia, kisha ikatikisika, ikaendelea kutikisika.

"Upepo upo," akaniambia niliposogea. "Si kama wa zamani. Lakini upo."

Kuanzia wiki ile alifanya jambo ambalo mimi nisingeweza kuliweka kwenye ramani yoyote. Kila siku ya kliniki, kabla ya chanjo, alipuliza filimbi, na akina mama wote wakainuka na watoto wao wakatembea hadi chumba cha katikati, wakachuchumaa na migongo kwa ukuta, kisha wakarudi. Mara ya kwanza walicheka, na mmoja alikataa akisema anamwita Mungu na si filimbi. Nesi akamjibu kwamba anaweza kumwita Mungu akiwa ndani ya chumba. Baada ya miezi michache walikuwa wakifanya bila kuambiwa, wengine wakiendelea kuzungumza habari zao njiani.

Mara nyingi nimeulizwa kama jengo lile lingehimili bomu jingine. Sijui, na naomba nisijue kamwe. Ninachojua ni kilichotokea mwaka uliofuata. Ng'ambo ya barabara palikuwa na kibanda cha chai. Asubuhi moja mtungi wa gesi ulivuja, ukashika moto, ukalipuka. Mwenye kibanda alikuwa ametoka nje kuchota maji, akaungua mkono mmoja. Paa la kibanda liliruka likaangukia nje ya tuta la mbele. Nesi alinipigia simu robo saa baadaye, sauti yake imetulia kabisa, na nyuma yake watoto wakilia.

"Vijidirisha viwili vya juu vimepasuka," akasema. "Vyote viwili bado vimeshikwa na ile karatasi yako. Hakijadondoka hata kipande kimoja. Hakuna aliyekatwa. Mwenye chai niko naye hapa namfunga mkono."

Nilikaa chini kwenye sakafu ya ofisi.

Kisha akaongeza, "Lakini kuna jambo. Njoo ulione."

Niliondoka na bodaboda saa hiyo hiyo. Alinipeleka kwenye mlango wa chumba cha katikati. Mlango ule niliuweka ufunguke kuelekea nje, kwenye ukumbi, kwa kuwa vitabu vyote vilisema hivyo ili watu wa ndani wasinaswe. Katika mazoezi, yeye ndiye aliyekuwa akiufungua kabla ya kupuliza filimbi. Safari hii hapakuwa na filimbi. Mshindo ulipotokea, akina mama walikimbilia ukumbini wote kwa pamoja, wakaubana mlango kwa miili yao, na kwa muda hakuna aliyeweza kuuvuta. Mama mmoja alilazimika kuwasukuma wenzake nyuma kwa mgongo ndipo ukafunguka.

"Kama ingekuwa lile jambo jingine," nesi akasema, "tungekuwa tumesimama hapa ukumbini."

"Kwa nini hukuniambia kwa simu?"

"Nilitaka ulione mwenyewe. Wewe ukiona, unatengeneza."

Nilipima uwazi wa mlango, nikampigia simu fundi wa vyuma wa Garsen, nikamwomba reli ndefu na magurudumu yanayobeba mlango mzito. Siku mbili baadaye alivileta. Tuliung'oa mlango na bawaba zake, tukafunga reli ukutani juu, tukaujaribu. Sasa ulikuwa unateleza pembeni, na umati uwe ndani au nje, hauwezi kuuzuia. Chini tuliweka kizuizi usichomoke ukitikiswa. Akina mama wa kliniki walikuwa wameanza kufika na kuketi nyuma, wengine wakitutazama kupitia dirishani.

Nesi alikuja na trei ya sindano mikononi. Akaufungua mlango kwa kiwiko, akaingia. Akaufunga. Akaufungua tena.

"Mzito kidogo," akasema.

Nikaenda kuchukua kopo la grisi.